Utani wa Kiti cha Saba na cha Nane

Mrusi na Mukraine waliwekwa kwenye viti vinavyofuatana katika kliniki yetu ya kusafisha damu, na kosa hilo halikuwa langu. Ratiba ilipangwa na kompyuta ya ofisini, nayo kompyuta haisikilizi taarifa ya habari. Kosa langu lilikuja baadaye kidogo, na nusura limuue mtu.

Kliniki ilikuwa Sharpstown, Houston, kati ya bucha la nyama halali na ofisi ya kujaza fomu za kodi. Kazi yangu ilikuwa kuwapima wagonjwa wa figo uzito, kuwachoma sindano mbili mkononi, kuwaunganisha na mashine, kisha kukaa nao kwa saa nne damu yao ikitoka, ikisafishwa na kurudi. Kundi langu lilikuja Jumanne, Alhamisi na Jumamosi, mvua inyeshe isinyeshe. Mgonjwa akikosa siku moja anavimba miguu. Akikosa mbili maji yanapanda mapafuni na chumvi za mwilini zinaanza kuuchezea moyo. Akikosa tatu, tulikuwa tunazungumza juu yake kwa sauti ya chini.

Kiti cha saba alikaa Mukraine, fundi wa zamani wa kuchomelea mabomba, mfupi, mwenye viganja vya mtu aliyekula moto maisha yake yote. Nilimwita Mchomeleaji. Kiti cha nane alikaa Mrusi aliyekuja Houston na kampuni ya mafuta akastaafia hapohapo. Huyo nilimwita Injinia. Siku ya kwanza tu waligundua kwamba enzi nchi zao zikiwa nchi moja walifanya kazi kwenye bomba lilelile la gesi, lile linalotoka Siberia, linakatiza Ukraine na kwenda kuwapikia chai Wajerumani. Mmoja alichora, mwingine alichomelea, na hawakuwahi kuonana mpaka walipokutana Texas, kila mmoja na figo mbili zisizofanya kazi.

Mwanzoni nilifurahi. Mtu akiwa na wa kuzungumza naye saa nne zinakwenda. Lakini vita ilikuwa imeshaanza kwao miaka kadhaa nyuma, na runinga ilikuwa juu ya ukuta, mbele ya viti vyao. Walikuwa wakiitazama kimya, kisha mmoja anatupa neno.

"Ulaya inatulaani kwa mdomo," Injinia alisema siku moja, "na huku jiko linawaka kwa gesi yetu."

"Gesi yenu inapita kwetu," Mchomeleaji akajibu. "Ndiyo sababu Ulaya bado inalikumbuka jina letu. Mkimaliza lile bomba lenu la chini ya bahari, watatusahau kabla chai haijapoa."

Mimi mtoto wa Songea nilijifunza siasa za Ulaya kwa njia hiyo, nikiwa na pamba mkononi. Nilijifunza kwamba Wajerumani na Wafaransa ndio wapatanishi, na nikashangaa mpatanishi gani huyu anayepikia kwenye jiko la mmoja wa wagomvi. Nilijifunza kwamba Wapolandi na majirani zao wadogo walikuwa hawalali, wanaomba askari wa Kimarekani waje wakae kwao, na kwamba meli zilizokuwa zikipakia gesi kwenye pwani yetu ya Texas nyingine zilikuwa zinakwenda hukohuko, ili siku Mrusi akifunga koki wasife kwa baridi. Kulikuwa na waangalizi waliozunguka na magari meupe kwenye mstari wa mbele wakihesabu risasi, na kulikuwa na mkataba wa kusitisha mapigano. Risasi zilihesabiwa, mkataba ukaheshimiwa kwenye karatasi, na watu wakaendelea kufa.

Mwishoni mwa mwaka 2018 Warusi walikamata meli tatu za kijeshi za Ukraine na mabaharia wake. Asubuhi ile Mchomeleaji alikuja na shinikizo la damu ambalo nililipima mara tatu kwa kutoamini. Msimamizi akaamuru runinga iwekewe vipindi vya mapishi tu. Wale wazee wawili wakaanza kutazama keki zikipambwa, meno yameumana.

Hapo ndipo nilipojitia katikati. Mimi ni Mngoni. Babu zetu walipigana na Wahehe, majirani zetu, vita ya mikuki iliyojaza mabonde maiti, na leo Wahehe ni watani wetu. Mhehe akinikuta barabarani ana haki ya kuniita mkimbizi wa Shaka, yule mfalme aliyewakimbiza babu zetu kutoka kusini, na mimi nina haki ya kumwuliza mbwa wa jirani ameishia kwenye sufuria gani. Hakuna anayekasirika. Anayekasirika ndiye mwenye makosa. Niliwaeleza wazee wangu jambo hilo nikiwa nabadilisha mirija. Injinia alicheka, akaniuliza maswali mengi. Mchomeleaji aliendelea kutazama keki.

Dada mmoja Mkongo niliyefanya naye kazi alinisikia. Alikuwa ametoka Kivu Kusini, akapita kambini, akafika Houston na watoto wake. Alinivuta kwenye chumba cha dawa.

"Dada, wacha ile maneno," aliniambia. "Vita ya kwenu iliisha. Ya kwao haiyaisha. Mutu hawezi kutaniana na mwenye angali na bunduki."

"Hawa wazee hawana bunduki," nikamwambia.

"Watoto wao iko nazo."

Nilimwona mtu wa kuogopa kupita kiasi. Nasema ukweli, nilimdharau kidogo.

Mwanzoni mwa 2019 mama yangu mkubwa alifariki Cedar Hill, kule Dallas. Niliendesha gari saa nne nikilia, nikasimama mara moja tu kujaza mafuta. Nyumba ilikuwa imejaa Watanzania, vyungu vya pilau vimepangwa gereji, kina mama wamekaa chini kwenye zulia. Nilikaa nikashindwa kula, nikashindwa hata kuomba. Ndipo akaingia mtani wetu, dada wa Kihehe anayefanya kazi ya uuguzi. Alikuwa amevaa miwani ya marehemu na khanga ya marehemu. Alilala chali mlangoni, akatangaza kwamba mwili hausafirishwi kwenda nyumbani mpaka apewe soda baridi.

"Na mnaharakisha nini?" akasema. "Huyu marehemu wenu alikuwa ana-drive maili arobaini kwenye freeway, malori yote yanampigia honi. Leo mnataka apande ndege? Mwacheni aende mwendo wake. Wangoni mlimkimbia Shaka mpaka Songea, hamjachoka tu kukimbia?"

Nyumba nzima ililipuka kwa kicheko. Mimi nilicheka mpaka nikashika mbavu, na ndani ya kicheko hichohicho kilio kikatoka chote, nikaweza kula. Nilirudi Houston nikiwa mwepesi. Nilikuwa nimeamini kwamba nina dawa.

Jumanne iliyofuata Mchomeleaji alikuja hajanyoa. Nilipokuwa nafunga mkanda wa kupimia shinikizo la damu mkononi mwake aliniambia, bila kunitazama, kwamba mtoto pekee wa dada yake amepigwa risasi kwenye handaki huko mashariki. Umri miaka ishirini na minne. Alikuwa akitoka kuchota maji.

"Si kuna mkataba wa kusitisha mapigano?" niliuliza kama mjinga.

"Upo," akasema. "Waangalizi wataandika risasi moja."

Nilimchoma sindano, nikamwunganisha, nikampa pole. Saa moja na zaidi ilipopita nikaenda kiti cha nane, nikainama kwenye sikio la Injinia, nikamwambia jirani yake amefiwa. Nikamwambia asikae kimya, kwa sababu ukimya wake leo utasomeka kuwa ni furaha. Nikamwambia afanye kama watani wetu, amtanie kidogo, amwondolee mzigo.

Injinia alinitazama. "Una hakika?"

"Kwetu ndivyo tunavyofanya," nikasema.

Nilikuwa nimesahau kitu kidogo sana. Yule dada wa Kihehe wa Cedar Hill, hakuna ndugu yake aliyemuua mama yangu mkubwa.

Injinia aligeuka na kusema sentensi moja kwa Kirusi, kwa sauti ya upole, akitabasamu kwa hofu. Baadaye alinieleza maana yake. Alimwambia kwamba alivyozijua familia za Kiukraine kwa vichwa vigumu, alidhani risasi ingedunda.

Mchomeleaji hakupiga kelele. Aliutazama mkono wake wenye sindano kana kwamba ni wa mtu mwingine, akashika mirija yote miwili kwa mkono wa pili, akaichomoa. Mashine ikaanza kulia. Damu ilipaa hadi kwenye runinga, ikashuka juu ya kioo, kwenye keki ya watu. Yule dada Mkongo alifika kabla yangu. Alibana mkono wa mzee kwa viganja vyote viwili huku mimi nikifunga klempu za kubana mirija kwa vidole vilivyokuwa vinateleza. Tulipomaliza kumfunga bandeji alisimama, akaomba koti lake. Alikuwa amekaa kwenye mashine saa moja na nusu tu, na mwilini mwake bado yalikuwemo maji ya kilo tatu. Daktari alimsihi kwa simu. Alitia saini karatasi ya kukataa matibabu, akatoka.

Niliandika ripoti yote kama ilivyotokea, na neno utani nikaliandika. Msimamizi aliniuliza maana yake, ikanibidi niongeze nusu ukurasa kuhusu Wangoni na Wahehe. Nilipewa onyo la maandishi. Nililistahili.

Alhamisi kiti cha saba kilikaa wazi. Msimamizi alipiga simu, haikupokelewa. Jumamosi kiti kikakaa wazi tena. Nilikuwa nachoma wagonjwa wengine huku sikio langu liko mlangoni, na kila mlango ulipofunguliwa niligeuka. Injinia naye alikuwa akitazama ule mlango. Uso wake ulikuwa na rangi ya majivu.

"Nihamishe," aliniambia. "Nipe zamu ya kwanza."

Zamu ya kwanza ilianza saa kumi na moja alfajiri. Alikuwa mzee wa miaka sabini na mitatu, goti moja bovu, na mkewe ndiye aliyekuwa anamwendesha. Nilimwambia hayo.

"Mwambie kiti cha nane hakina mtu," akasema. "Mwambie tu hivyo."

Sheria za kazi hazikuturuhusu kwenda majumbani kwa wagonjwa. Mchana ule, zamu ilipoisha, nilimkuta yule dada Mkongo amesimama kando ya gari langu na mkoba begani.

"Twende," alisema. "Lakini leo mimi njo nitasema. Wewe ulishasema mingi."

Ilikuwa apatimenti ya ghorofa ya pili, dakika kumi tu kutoka kliniki. Mlango haukufungwa kwa ufunguo. Tulimkuta ameketi ukingoni mwa kitanda, kwa sababu akilala alikuwa hapumui. Miguu ilikuwa imejaa mpaka soksi zimezama kwenye nyama. Kila pumzi ilikuwa na sauti ya maji yanayotokota kwenye birika.

Nilitaka kukimbilia simu niite gari la wagonjwa. Alinyoosha kidole kunikataza, na kwa mujibu wa sheria alikuwa na haki hiyo maadamu akili yake ilikuwa timamu. Yule dada aliketi sakafuni mbele yake, kama wanavyoketi kwao mtu anapofiwa, akamwambia kwa Kiingereza chake cha kambini kwamba kaka yake yeye aliuawa na mtu wanayemjua, mtoto wa jirani. Yule mtu bado yuko hai, ana mke, ana ng'ombe. "Sijamsamehe," alimwambia. "Sitaki mtu anifundishe kumsamehe. Lakini nikifa kwa hasira, atakuwa ametuua wawili."

Mzee aligeuza kichwa. Alinitazama mimi.

Nilimwomba radhi. Nilimwambia kwamba sisi tulizika kwanza, wote, pande zote mbili, ndipo tukaanza kutaniana, na kwamba nilikuwa nimeisahau sehemu hiyo kwa sababu haikunigharimu chochote.

"Ilichukua muda gani?" akauliza, akivuta pumzi kati ya neno na neno.

Nikamwambia alivyonisimulia bibi yangu, kwamba hakuna aliyeshika mkuki akatania. Waliotania walikuwa wajukuu.

Alifikiri. "Basi mwambie huyo Mrusi," akasema, "asubiri wajukuu."

"Hayupo tena kwenye zamu yako. Amehamia ya alfajiri. Kiti cha nane hakina mtu."

Mzee akainua ule mkono wenye bandeji, akaelekeza kwenye viatu vyake chini ya kiti. Havikuingia miguuni. Tuliita gari la wagonjwa, akaenda nalo akiwa na soksi tu. Hospitali walimsafisha damu siku mbili mfululizo, na Jumanne iliyofuata akakaa kiti cha saba, akaniamuru niache kumtazama kama maiti.

Mwaka mzima uliobaki wale wawili walikuwa wanapishana kwenye mizani. Wagonjwa tunawapima uzito wakiingia na wakitoka, na mizani ilikuwa moja. Injinia anashuka saa tatu na nusu, Mchomeleaji anapanda nyuma yake. Hawakusalimiana. Mchomeleaji alikuwa akitazama namba za mwenzake kabla hazijafutika, nami nilijifanya sioni. Siku moja akasema, "Amepungua sana. Hamumlishi?" Kama mimi ndiye mpishi.

Mabaharia walirudishwa kwao kwa kubadilishana wafungwa. Mwezi Desemba viongozi wa nchi zao walikutana Paris na wale wapatanishi, na siku za mwisho za mwaka wakasaini tena mkataba wa gesi kupita Ukraine, dakika ya mwisho kabisa, maana majira ya baridi hayangojei mtu. Niliposema kwamba pengine sasa mambo yanaelekea pazuri, Mchomeleaji alinitazama kwa huruma. "Ulaya imepata gesi yake ya kupikia," akasema. "Dada yangu hajapata mtoto wake."

Februari 2020, siku ya Jumanne, alifika kwenye mizani akakuta namba ni sifuri. Aliniuliza kwa macho. Nikamwambia Injinia amefariki Jumapili, kitandani kwake, moyo.

Alikaa kitini. Alinipa mkono nimchome. Saa tatu zikapita, mashine ikizunguka. Kisha akaniita.

"Huyo mtani wenu, siku ya maziko, anafanya nini hasa?"

"Anachimba kaburi," nikasema. "Anabeba jeneza. Na anasumbua."

"Maziko lini?"

"Alhamisi."

Alhamisi ilikuwa siku yake ya mashine. Mimi niliyewahi kupanda ngazi kumwomba asikose hata siku moja, sasa nilikuwa nimesimama na ratiba mkononi natafuta namna ya kumkosesha. Nilipata nafasi Ijumaa mchana. Nilimkataza kunywa maji zaidi ya kikombe kimoja, nikampa namba yangu ya simu, na yule dada Mkongo akakubali kunishikia zamu ili nimpeleke mwenyewe.

Makaburini kulikuwa na matope na watu wachache. Padri wao mwenye ndevu alisoma sala ndefu. Mjane alipoona ni nani anashuka kwenye gari langu, alishika mkono wa binti yake. Niliogopa. Niliogopa kuliko siku ile ya damu, kwa sababu sasa sikujua anakwenda kufanya nini, na mimi ndiye niliyemfundisha.

Wengine walirusha udongo kwa koleo. Yeye aliinama kwa shida, akachukua udongo kwa kiganja kile kilichoungua, akaushikilia juu ya kaburi, akasema jambo fupi kwa Kirusi. Halafu akaufungua mkono.

Mjane aliziba mdomo. Mabega yakaanza kumtikisika, nikadhani tumemuua. Kumbe alikuwa anacheka. Alicheka huku machozi yakimwagika, akampiga yule mzee ngumi ya bega, kisha akaliegemea bega hilohilo.

Ndani ya gari niliwasha kipasha joto, nikaendesha hadi barabara kubwa kabla sijathubutu kuuliza alichosema.

"Nimemwambia hiki ndicho kipande pekee cha ardhi atakachopewa na mkono wangu," akasema. Alifuta kiganja kwenye suruali, akatazama nje. "Kesho nije saa ngapi?"